Nimeambiwa nitoroke jeshi kabla ya kwenda Somalia: dini inasemaje?

SWALI

Assalamu alaykum warahmatullah, Sheikh wetu. Mimi ni kijana wa Yumbe, ni askari, na huu ni mwaka wangu wa nne jeshini. Niliingia kwa hiari yangu, hakuna aliyenilazimisha. Sasa kikosi chetu kimo katika orodha ya kwenda Somalia. Nilipokuwa likizo nyumbani alikuja ustadhi mmoja kutoa darsa. Alisema Muislamu anayevaa gwanda la serikali hii akaenda kupigana Somalia hana sala, mshahara wake ni haramu, na akifa asisaliwe. Nilimfuata baada ya darsa, akaniambia nitoroke kabla ya siku ya ndege. Mjomba wangu, sajini mstaafu, aliposikia alikasirika sana. Yeye anasema amri ni amri, askari ni mkono tu, dhambi anaibeba mkubwa aliyeamuru. Tangu hapo sipati usingizi. Sitaki kumuua mtu aliyetamka shahada. Tena nina mama mgonjwa wa sukari, na wadogo zangu 2 nawalipia karo. Je, dini yangu inaniruhusu kukataa? Nikikataa, nitoroke au niseme wazi? Na nikienda, kisha nikaamriwa jambo baya, nifanyeje?

JIBU

Wa alaykumu ssalaam warahmatullahi wabarakatuh, mwanangu. Himidi zote ni za Allah, na sala na salamu zimshukie Mtume wetu, aali zake na masahaba zake.

Swali lako nililisoma baada ya Alfajiri, na tangu hapo nimelirudia mara nyingi. Mengi yanayonifikia ni ya mirathi na talaka, mtu anataka kujua fungu lake. Wewe unauliza juu ya damu kabla hujaimwaga, na wanaouliza mapema hivyo ni wachache. Isitoshe, maneno ya huyo ustadhi hayakuishia Yumbe. Nimeyasikia Arua, nimeyasikia Mbale, na hapa Bombo nimeyakuta kwenye simu za vijana. Kwa hiyo nakujibu wewe, na wenzako wanaonyamaza nao wasikie.

Mimi ni mtoto wa Bombo. Sisi Wanubi wa Uganda wazee wetu waliletwa na Lugard, ofisa Mwingereza, mwaka 1891 wakiwa askari, na tangu siku hiyo adhana na tarumbeta ya kambini tunavisikia pamoja kila alfajiri. Jeshi silijui kwa kusimuliwa.

Nimalize kwanza la haraka. Sala yako ni sahihi madamu umetimiza masharti yake, na gwanda si miongoni mwa yanayobatilisha sala. Mshahara wako ni ujira wa kazi ya ulinzi, na ulinzi asili yake ni halali. Ukifa hali unamshuhudia Allah, utaoshwa, utasaliwa na utazikwa na Waislamu wenzako. Mtume, rehema na amani zimshukie, ametuonya kwamba mtu akimwita nduguye kafiri, neno hilo humrudia mmoja wao. Sijui huyo ustadhi alipata wapi ujasiri wa kufungia watu mlango wa janaza.

Lakini nisimdhulumu. Jambo moja alilolishika ni la kweli: damu ni nzito. Jambo la kwanza watakalohukumiwa watu baina yao Siku ya Kiyama ni damu, ndivyo ilivyo katika Hadithi ya Bukhari na Muslim. Na aya ya 93 ya Suratun-Nisaa, inayomwahidi Jahannamu anayemuua Muumini kwa makusudi, hakuna mwenye imani anayeisoma akabaki ametulia. Kama aya hiyo ndiyo inayokunyima usingizi, Alhamdulillahi, moyo wako uko hai.

Tatizo ni kwamba aliisoma kwa upande mmoja. Tarehe 14 Oktoba 2017 lori lililojaa mabomu lililipuka kwenye makutano ya Zoobe, Mogadishu, katikati ya foleni ya magari na watu wanaorudi makwao. Walikufa zaidi ya 500. Wale nao si watu wa shahada? Wanawake waliokuwa wakiuza chai pembeni mwa barabara ile, aya ya 93 haiwahusu? Na sisi hapa Kampala, tarehe 11 Julai 2010, watu waliokaa Kyadondo na Kabalagala kutazama fainali ya Kombe la Dunia waliuawa zaidi ya 70, na Al-Shabaab, wale ambao jeshi letu linapigana nao Somalia, wenyewe walijitokeza wakasema ni kazi yao. Mtu anayehubiri uharamu wa damu bila kuligusa hili amekwisha chagua damu ya kuilia.

Sayyidna Ali bin Abi Talib aliwakabili Makhawariji, kundi lililomwasi, pale Nahrawan. Walikuwa watu wa shahada, tena wasomaji wa Qur'ani, vipaji vyao vina sugu kwa wingi wa kusujudu. Aliwavumilia walipomtukana. Walipomchinja Abdullah mwana wa Khabbab njiani, na mwanamke wake mjamzito pamoja naye, ndipo akawaendea. Hakusema, wanasali, niwaache waendelee kuchinja wapita njia. Mtume alikuwa amekwisha kuwataja watu wa sampuli hiyo: wanawaua watu wa Uislamu na kuwaacha waabudu masanamu.

Na majeshi yetu yako Somalia tangu Machi 2007, chini ya Umoja wa Afrika, upande wa serikali ya Wasomali ambao nao ni Waislamu. Aya ya 9 ya Suratul-Hujuraat inasema makundi mawili ya Waumini yakipigana yapatanishwe, na moja likidhulumu jingine, lipigwe vita lile linalodhulumu mpaka lirejee kwenye amri ya Allah. Wanazuoni wengi wa zama hizi wanaiona vita ile chini ya aya hiyo, nami niko pamoja nao. Sikwambii kwamba kila risasi inayofyatuliwa kule ni halali, wala kwamba dola zinapeleka watu kwa ajili ya Allah. Dola zina maslahi yake. Ninachokwambia ni kwamba kwenda kule peke yake si kuasi dini, na aliyekwambia ni ukafiri amesema juu ya Allah asilolijua.

Nina sababu ya kuwa mkali hapa. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 nilikuwa mwanafunzi Kampala. Wenzangu 2 wa halaka moja ya darsa za dini walianza kwenda kusikiliza watu waliokuwa wakisema maneno kama haya haya: serikali ya makafiri, sala haikubaliwi, ondokeni. Wakaondoka. Nilisikia baadaye wamepanda milima ya Rwenzori kwa waasi wa ADF, na hawakushuka tena. Kitabu cha nahau cha mmoja wao bado kiko kabatini kwangu. Jina lake ameliandika kwa kalamu ya risasi ukurasa wa kwanza, na pembeni amechora mstari chini ya maneno aliyokuwa hajayaelewa, ili aniulize kesho yake. Wale waliowapeleka vijana mlimani wengi wao hawakupanda. Na kilichotoka mlimani tunakijua sote: Kichwamba, Juni 1998, wanafunzi wapatao 80 walichomwa moto bwenini, na Juni 2023, shule ya Lhubiriha kule Mpondwe, watu 42 waliuawa, wengi wao watoto wa shule. Kwa hiyo ustadhi anapomwambia kijana mwenye bunduki "toroka", mimi nauliza: atorokee wapi? Akishakuwa mtoro, hawezi kurudi nyumbani, hawezi kupata kazi, hawezi kuonyesha kitambulisho. Nani atakayempokea? Watakaompokea ni wale wanaowatafuta watu wenye ujuzi wa silaha na wasio na pa kwenda.

Sasa nije kwa mjomba wako. Nampa heshima yake kama mzee, na naamini anakupenda. Lakini neno lake nalihofia kuliko la ustadhi, kwa sababu la ustadhi limekukosesha usingizi, na la mjomba litakupa usingizi.

Anasema dhambi ni ya mkubwa. Allah anasemaje? Katika Suratul-Ahzaab, aya ya 67, watu wa Motoni wanasema: Mola wetu, sisi tuliwatii mabwana zetu na wakubwa zetu, nao wakatupoteza njia. Ndiyo hoja ya mjomba, neno kwa neno, na Allah anatuambia watakaoitoa watakuwa wapi. Wanaomba wakubwa wao wazidishiwe adhabu maradufu, lakini wao wenyewe hawatolewi. Na katika Suratul-Qasas, aya ya 8, Allah hakusema Firauni alikosea akanyamaza. Amesema Firauni na Hamana na majeshi yao walikuwa wenye makosa. Majeshi yao! Askari wa Firauni nao walikuwa na mishahara, na wake, na wakubwa wakali.

Mtume alituma kikosi na akakiwekea amiri, akawaamuru wamtii. Njiani yule amiri akakasirishwa nao. Akawaambia wakusanye kuni, wakakusanya. Akawaambia wawashe moto, wakauwasha. Kisha akasema: uingieni. Wakatazamana. Baadhi yao wakataka kuingia, wengine wakasema, sisi tulimkimbilia Mtume kwa kuuogopa moto, vipi tuuingie? Wakawa hivyo mpaka moto ukazimika na hasira za amiri zikatulia. Habari ilipomfikia Mtume alisema lau wangeuingia wasingetoka humo kamwe; utiifu ni katika jambo jema tu. Iko katika Bukhari na Muslim. Hebu uitazame tena: kuni walikusanya, moto waliuwasha, na kwa hayo hakuwalaumu. Walitii mpaka pale utiifu ulipogeuka maasi, hapo wakasimama. Na aliyewapa amri hiyo aliteuliwa na Mtume mwenyewe. Je, kuna kamanda leo mwenye uteuzi mkubwa kuliko huo?

Ipo na nyingine, na hii naomba uikariri. Khalid bin al-Walid alipelekwa kwa Banu Jadhima. Wale watu walitaka kusema wamesilimu, hawakujua kulisema vizuri, wakasema maneno yao ya kienyeji. Khalid akaendelea kuua na kuteka, akamkabidhi kila askari mateka wake, kisha siku moja akaamuru kila mtu amuue mateka aliye naye. Abdullah bin Umar, kijana, akasimama akasema: Wallahi simuui mateka wangu, na hakuna katika wenzangu atakayemuua mateka wake. Waliporudi na kumweleza Mtume, aliinua mikono yake akasema: Ewe Mola, mimi najitenga kwako na alilolifanya Khalid. Alilisema mara 2. Khalid huyo ndiye Upanga wa Allah. Ibn Umar hakulitoroka jeshi, hakumtukana kamanda wake, wala hakumuua mateka.

Mjomba akikwambia hayo ni ya zamani, muulize kuhusu Ombaci. Yeye ni mtu wa West Nile, hawezi kuwa hajui. Juni 1981, raia walikimbilia misheni ya Ombaci nje ya Arua wakidhani ua wa misheni utawalinda, na askari wa serikali ya wakati ule wakawaua humo humo. Wale askari nao walikuwa na maafande wao. Je, mjomba anaposimama pale kwenye makaburi, anawasamehe kwa kuwa walikuwa mikono tu? Sidhani. Basi asikufundishe wewe udhuru ambao yeye hawapi waliowaua majirani zake.

Na hata sheria ya dunia haikubaliani naye. Agosti 2021, eneo la Golweyn kule Somalia, raia 7 waliuawa na askari wetu. Mahakama ya kijeshi ya Uganda ikaketi Mogadishu Novemba mwaka ule ule, ikawatia hatiani askari 5, na 2 kati yao wakahukumiwa kifo. Sheria ya jeshi letu ya mwaka 2005 inamwadhibu anayekataa amri halali. Neno halali limo humo. Amri ya kumpiga risasi mkulima shambani haimo.

Nitakusimulia la nyumbani kwetu, ambalo marehemu babu hakupenda lisimuliwe akiwa hai. Alikuwa askari wa mkoloni, alikwenda Burma mwaka 1944 na alirudi salama. Miaka ya 1950 kombania yake ikapelekwa Kenya wakati wa hali ya hatari. Siku moja waliamriwa wachome nyumba za kijiji. Nyumba aliyopangiwa yeye ilikuwa na bibi kizee ndani, hataki kutoka. Babu akamwambia ofisa, bwana, kuna mtu humu. Ofisa akasema, washa. Babu akasema, siwashi. Akavuliwa utepe wa cheo siku ile ile. Haboba, bibi yangu, aliitunza ile shati ya kaki sandukuni. Niliiona nikiwa mtoto: mkono mzima umepauka kwa jua, isipokuwa umbo la V pale utepe ulipokuwa umeshonwa, kaki yake bado mpya. Nilidhani babu anajivunia shati ile. Nilipokuwa mkubwa nilimuuliza, akanijibu kwa sauti ndogo: "Mimi sikuwasha. Lakini sikumtoa." Mwenzake aliwasha. Sijawahi kumsikia babu akisema dhambi ile ilikuwa ya ofisa.

Kwa hiyo mwanangu, kama siku hiyo itakufika, Allah akuepushe nayo, mkono wako kutoshiriki ni faradhi ya kwanza, na kumwokoa unayeweza kumwokoa ni faradhi ya pili. Wala usiseme nitalazimishwa kwa kutishiwa kifo. Kulazimishwa kunafungua milango mingi katika dini, hata mtu kutamka neno la kufuru huku moyo wake umetulia kwa imani. Mlango wa kumuua asiye na hatia haufunguki. Wanazuoni wamekubaliana: nafsi yako si bora kuliko yake hata uinunue kwa damu yake.

Sasa, je, unaruhusiwa kukataa kwenda? Hapa inabidi niseme jambo ambalo huenda hukulitarajia. Wako watu wa dini nyingine, kama Waquaker na Mashahidi wa Yehova, ambao imani yao inawakataza kushika silaha katika vita yoyote. Tunawaheshimu kwa ukweli wao. Dini yetu haisemi hivyo. Sisi hatuna "vita vyote haramu", tuna "hii halali na hii haramu", na kwa hiyo kila mmoja wetu anabebeshwa kazi ya kupambanua.

Kwa jambo hili alibanwa Muhammad Ali, bondia. Tarehe 28 Aprili 1967, mjini Houston, aliitwa kuingizwa jeshini kwa vita ya Vietnam. Alikwenda. Alisimama kwenye mstari pamoja na wengine, jina likaitwa ili apige hatua mbele, hakupiga. Likaitwa tena, hakupiga. Alinyang'anywa ubingwa, akahukumiwa kifungo cha miaka 5 na faini ya dola 10,000, akakaa zaidi ya miaka 3 bila kupigana ulingoni katika ubora wa ujana wake. Wanasheria wa serikali walimwambia: wewe hukatai vita vyote, umesema ungepigana vita anayoitangaza Allah, basi wewe unachagua tu. Kesi ilifika Mahakama ya Juu, na tarehe 28 Juni 1971 majaji 8 kwa 0 wakaifuta hukumu yake. Wakati ule alikuwa katika kundi ambalo itikadi yake hatuikubali, akaja kwenye Sunna baadaye. Namtaja kwa jambo moja: hakukimbilia nchi nyingine. Alikataa mbele ya macho yao na jina lake likiwa limeandikwa, na alikuwa tayari kufungwa.

Ndivyo walivyofanya masahaba pia katika fitna ya wakati wa Ali na Muawiya. Muhammad bin Maslama alijichongea upanga wa mbao. Saad bin Abi Waqqas alijitenga. Usama bin Zaid, ambaye aliwahi kumuua mtu vitani baada ya kutamka La ilaha illallah, na Mtume akamkaripia mpaka akatamani angekuwa amesilimu siku ile tu, alimpelekea Ali ujumbe: lau ungekuwa kwenye taya za simba ningependa niwe nawe humo, lakini jambo hili sikuliona. Mapenzi yapo, heshima ipo, na mkono hautoki.

Basi hukumu yako ni hii. Kama umetafakari, umewauliza wanaojua, umesali istikhara, na moyo wako bado unakataa, unaruhusiwa kuomba usipelekwe. Mtume alimwambia sahaba wake Wabisa autake ushauri moyo wake, hata kama watu watampa fatwa. Na fatwa yangu kwamba safari ile si haramu haikulazimishi kuipenda. Lakini mlango ni mmoja: kusema wazi. Kutoroka ni haramu kwako, kwa sababu uliweka ahadi kwa hiari. Hudhaifa bin al-Yaman na baba yake walikamatwa na Makuraishi kabla ya Badri, wakaachiwa kwa ahadi kwamba hawatapigana. Mtume, na watu wake wachache siku ile, aliwaambia watimize ahadi waliyowapa washirikina. Kama ahadi kwa maadui inatimizwa siku ya Badri, ahadi uliyoila kwa nchi yako huiachi usiku kwa kuruka ua. Na mwenzako atakayeachwa peke yake kwenye lindo ulilotoroka, huyo nawe utamjibu.

Katiba yetu ya 1995 hailioni jambo hili kuwa uhaini. Ibara ya 17 inasema raia mwenye nguvu afanye mafunzo ya kijeshi akiitwa kuilinda nchi. Ibara ya 29 inalinda dhamiri na dini. Na Ibara ya 25, inapoeleza nini kisihesabiwe kazi ya kulazimishwa, inamtaja mtu ambaye dhamiri yake inamkataza utumishi wa jeshi, na kazi nyingine anayoweza kupewa badala yake. Waliotunga Katiba walijua watu wa namna hiyo wapo. Kwako wewe uliyejiunga kwa hiari, njia ni kupitia ngazi: mwone kamanda wako, andika barua, peleka nakala kwa imamu wa kambi, maana jeshi lina maimamu wake na hii ndiyo kazi yao. Omba upangiwe kazi nyingine, tiba, ujenzi, bohari, au ubaki nchini. Au uombe kuachishwa kwa utaratibu. Usiandike kwamba jeshi ni la makafiri. Andika kilicho moyoni mwako. Na taja mama yako, kwa sababu hiyo peke yake ni hoja ya kisheria ya dini: mtu alimwendea Mtume akitaka jihadi, akaulizwa, wazazi wako wako hai? Akasema ndiyo. Akaambiwa, basi kwa hao fanya jihadi.

Wakikukatalia, na wanaweza kukukatalia, utachagua kati ya kwenda na kubaki ukikubali adhabu. Ukienda, nenda na nia ya kulinda, na mipaka niliyoitaja ikiwa mbele ya macho yako: mateka, mwanamke, mtoto, mzee, mkulima, aliyetupa silaha. Ukiamriwa juu ya mmoja wao, jibu lako ni la Ibn Umar.

Liko jambo moja zaidi, na nalisema kwa upole kwa sababu hukuliandika. Mei 2023 kule Buulo Mareer, Somalia, tulipoteza askari 54 asubuhi moja. Kila mama wa askari nchi hii analijua jina hilo. Inawezekana kabisa kwamba sehemu ya kinachokunyima usingizi ni woga wa kufa. Hilo si dhambi, na si aibu. Musa, amani imshukie, alimwambia Mola wake kwamba anaogopa watamuua, na Mola hakumkemea. Ila usiuvishe woga kanzu ya fatwa. Kaa na nafsi yako usiku mmoja na uziweke mbalimbali: hili ni khofu yangu, hili ni dini yangu. Khofu yake dawa ni dua, na kuandika wasia, na kulipa madeni, na kumwambia mtu. Dini yake ndiyo barua kwa kamanda. Ukizichanganya, siku wakikuuliza swali la pili utababaika, kisha utajiona mnafiki na huko si kweli.

Karo za wadogo zako zisikufanye uue, wala zisikufanye udharau mshahara wako wa halali. Nimezungumza na watu 2 hapa msikitini bila kukutaja. Ikitokea umesimamishwa kazi kwa barua yako, muhula mmoja wa wadogo zako tutaubeba. Si ahadi kubwa, lakini ni ahadi.

Leo usiku, kabla ya kuandika chochote, mpigie mama yako. Mwambie mwenyewe habari ya orodha, asije akaisikia kwa majirani, na muulize sukari yake ya asubuhi imesoma ngapi na dawa zimebaki za siku ngapi. Kisha niletee jina la imamu wa kambi yenu kabla ya Ijumaa, nitampigia mimi baada ya Isha.

Wallahu a'lam.